Pazia la Fiwi

Nyumba ya serikali aliyopewa Lusubilo pale Tunduma, alipoajiriwa ukarani kwenye kituo cha ushuru mpakani, ilikuwa nyumba ya heshima: matofali ya kuchoma, mabati juu, sakafu ya saruji. Ila aliyeichora bila shaka hakuwa na mkwe. Vyumba vilikuwa viwili, kila kimoja na mlango wake, na milango yote ilitokea kwenye baraza moja ndefu iliyotazama magharibi. Mlango wa nyuma haukuwapo. Jiko lilikuwa mwisho wa baraza. Mtu akitaka kwenda popote, hata kujisaidia, sharti kwanza atokee barazani.

Kwa Ketrina, mke wa Lusubilo, hilo halikuwa na neno hadi mwezi wa nane wa mwaka 1951, baba mkwe wake alipoletwa kutoka milima ya Undali juu ya lori la mahindi, mguu mmoja umeviringishwa kitambaa. Alikuwa na donda ndugu kwenye muundi. Kwao hakukuwa na tabibu wa kulifunga, na tangu afiwe na mkewe hakukuwa hata na mtu wa kumchemshia maji. Tunduma kulikuwa na zahanati na dresa wake wa kufunga vidonda. Basi akaja kukaa kwa mwanawe mpaka apone.

Sasa, kwa Wandali wa siku zile, mke wa mtoto na baba mkwe hawatazamani, hawasemezani, hawali mahali pamoja. Wakikutana njiani mwanamke huacha njia na kuchutama kichakani mpaka mzee apite. Jina la mkwe halitamkwi. Mchungaji alikwisha kuhubiri kwamba katika Kristo hakuna ukwe, na pale Tunduma vijana walikuwa wakipeana mikono na wakwe zao mchana kweupe. Mzee Andongwisye alikuwa Mkristo wa siku nyingi, lakini alipoelezwa mahubiri hayo alijibu kwamba aliyebatizwa ni yeye, adabu yake haikubatizwa. Na Ketrina, tuseme kweli, hakuwa na mawazo tofauti. Miaka yote ya ndoa yake alikijua kikohozi cha mkwe wake na mlio wa fimbo yake. Sura hakuijua.

Lakini alimpenda mzee yule kuliko mtu yeyote ukimwondoa Lusubilo, na alikuwa na sababu. Miaka ilipopita bila Ketrina kushika mimba, ndugu wa mumewe waliitisha kikao cha kumrudisha kwao. Yeye alikuwa nyuma ya ukuta wa mianzi, anasikia kila neno. Walisema yote wanayosema watu mwanamke asipozaa. Kisha kikasikika kikohozi, na sauti ya baba mkwe: "Mtu hapimwi kwa kiungo kimoja. Nendeni mkalale." Wakaenda, na maneno yale hayakurudi tena. Ketrina hakuweza kumshukuru, maana mdomo wa kusema naye hakuwa nao. Shukrani ikabaki imemkwama kifuani, na ilimuuma kama deni lisilolipika.

Kwa hiyo mzee alipokuja, Ketrina alitaka jambo moja tu: akae, apone. Na nyumba haikukubali.

Mzee akikaa barazani, Ketrina alikuwa amefungiwa chumbani, hawezi kwenda jikoni wala kisimani. Mzee alilifahamu hilo siku ya kwanza, akawa hatoki. Alikaa chumbani mwake chini ya mabati, na mtu aliyewahi kukaa chini ya mabati Tunduma mwezi wa tisa hahitaji kuelezwa. Alikuwa akitoka asubuhi tu, akikohoa kwanza ili Ketrina ajifiche, akichechemea kwenda zahanati na kurudi. Haikupita muda akamwambia mwanawe kwamba yeye atangoja mvua za kwanza, kisha arudi Undali. Lusubilo alimbembeleza bila mafanikio. Alipomweleza mkewe, wote wawili walijua kurudi kule ni kwenda kufa na donda peke yake.

Wakajaribu kuigawa baraza. Blanketi lililotundikwa lilichukuliwa na upepo siku ya pili, likaokotwa na watu wa upande wa Rhodesia. Mikeka na nyasi zilikatazwa na Bwana Sadoki, msimamizi wa nyumba za serikali, kwa kuogopa moto. Misumari nayo ilikatazwa kwa kuhurumia kuta. Lusubilo alipomuuliza kwa uchungu kitu gani basi kinaruhusiwa, Sadoki alifikiri sana, akasema maua.

Ketrina akayashika maneno hayo. Kama maua ni ruksa, atapanda ukuta wa majani. Utakata baraza kuanzia ukutani, kati ya mlango na mlango, mpaka ukingoni, kisha upinde kona kidogo uani. Mzee akae upande wake, yeye apite upande wake.

Mkataa kwao mtumwa, na Ketrina hakuwa mtumwa. Aliagiza kwao mbegu za maharage marefu ya kutambaa, na maboga, na magimbi ya kando ya mto yenye majani mapana kama ungo. Akatafuta madebe matupu ya mafuta ya taa, akajaza udongo mweusi na mbolea mbichi ya ng'ombe, akapanda, akayapanga kwenye saruji. Milimani kwao ukichomeka kijiti kinaota. Mvua haijui kuacha, na ukungu unalala mabondeni hadi saa nne. Alisahau kwamba mmea huhama na desturi zake.

Baraza ile asubuhi ilikuwa mahali pa baridi. Saa saba jua liliingia kama mwenye nyumba, likakaa mpaka linazama. Saruji chini ilichoma nyayo, ukuta mweupe ulirudisha joto, na madebe yakawa ya moto, huwezi kuyagusa. Maharage yaliota kwa furaha, yakaungua ncha, yakajikunja. Maboga yalilala chali kila alasiri. Ketrina alipoona yananyauka alikimbia na kata ya maji saa nane ya jua kali, akayamwagia, na yalipozidi kunyauka akazidi kumwagia. Magimbi yaligeuka manjano, kisha yakaanza kunuka. Mwezi wa tisa ulikuwa haujaisha naye alikuwa na safu ya madebe ya matope na mabua.

Siku ile alilia. Alikaa kizingitini akalia waziwazi, na alipokuwa akijifuta uso aliingia jirani yake Elina, Mnamwanga wa bonde la Momba, ambaye mumewe alikuwa migodini Kopabelti na ambaye kwa hiyo alikuwa na nafasi ya kuchunguza nyumba za watu.

"Mulishani, Ketrina," akamsalimu kwa lugha ya kwao, akachungulia debe moja. "Hapa ulikuwa unapanda au unapika?"

Utani wa Elina ulikuwa mkali lakini mikono yake haikukaa bure. Alipindua debe, maji yakamwagika na mizizi iliyooza. Akauliza matundu yako wapi. Hayakuwapo. Kuuliza si ujinga, Ketrina akauliza yote, na Elina akamweleza huku akicheka kwamba kosa lake si uvivu, ni mapenzi. Amechagua mimea anayoipenda yeye, wakati ilimpasa kuchagua mimea inayolipenda jua. Bondeni kwao Momba, ambako mbuzi hutafuta kivuli saa tatu, watu hupanda fiwi, aina nyingine ya maharage ya kutambaa. Fiwi ikishashika mizizi haiogopi jua, hupanda juu ya chochote, majani yake ni mazito, na mwisho wa yote inaliwa. Mbegu alikuwa nazo, zimetoka kwa dada yake ng'ambo ya mpaka.

Wakaanza upya. Walitoboa madebe chini na kutandika kokoto. Udongo waliuchanganya na mchanga na samadi kuukuu iliyokwisha kupoa. Madebe wakayapaka chokaa, wakayavika magunia, wakayainua juu ya matofali yasiikalie saruji. Juu ya udongo wakatandaza makapi ya mpunga. Elina alimkataza kabisa kumwagilia jua likiwaka: asubuhi kabla halijafika, au jioni likishatua, na kama udongo ukiuchokoa kwa kidole una unyevu, acha. Hilo la kuacha ndilo lililomshinda Ketrina. Mara mbili Elina alimnyang'anya kata.

Zilibaki kamba za kupandia. Lusubilo alileta katani, akampelekea baba yake chumbani bila kusema ni ya nini, na mzee hakuuliza. Alisokota kamba kwa siku kadhaa, ndefu, nyembamba, ngumu, na Lusubilo akazifunga kwenye mapao bila msumari hata mmoja. Ketrina alipozigusa alijua zimesokotwa na mtu anayejua zinakokwenda.

Fiwi zikaota. Kwanza zilijivuta kama mgeni asiyejua aketi wapi, kisha joto la mwezi wa kumi likazikuta, nazo badala ya kunyauka zikashika kamba na kupanda. Ketrina aliamka kila alfajiri kwenda kuzitazama. Zilipofika kiunoni alianza kuziombea. Zilipofika mabegani mawingu yalikuwa yamekwisha kukusanyika upande wa Mbozi, na mzee alikuwa amekwisha kumwambia mwanawe amtafutie lori.

Mvua ya kwanza ilinyesha pazia likiwa limefika kwenye mapao, limefungana, huoni upande wa pili. Kesho yake, jua lilipoingia barazani, Ketrina akiwa jikoni alisikia kikohozi, kisha mlango, kisha kigoda kikiburuzwa kwenye saruji. Mzee Andongwisye alikaa kivulini nyuma ya majani. Ketrina alipita na ndoo yake kutoka jikoni kwenda chumbani na kurudi, mara mbili zaidi ya haja yake, kwa furaha tu. Habari ya lori haikutajwa tena.

Miezi iliyofuata ilikuwa mizuri kuliko yote aliyowahi kukaa Tunduma. Mzee, kwa kuwa hakuweza kusema na mke wa mwanawe, alianza kusema na fiwi. "Fiwi, leo naona umeshiba," alisema, na Ketrina akajua ameyafurahia mahindi aliyopikiwa. "Fiwi, jana usiku umekohoa," na Ketrina akajichemshia majani ya mpera. Yeye hakujibu hata neno. Maua ya zambarau yalipofuatwa na maganda, kila mmoja alichuma upande wake, na mzee alikuwa akiyasukuma ya kwake kwa fimbo kupitia kati ya madebe, ndani ya bakuli, yachanganywe chunguni. Habari za donda zilikuwa njema. Mzee alimwambia mwanawe kwamba linakauka, na kwamba dresa amemruhusu asiende mara kwa mara.

Fiwi ina tabia moja ambayo Elina hakuitaja, labda kwa kuwa bondeni haina madhara. Ikizeeka hupeleka nguvu zote juu. Mvua zilipokatika, mwezi wa tano, pazia lilikuwa limejaa kwenye mapao mpaka limeinama kwa uzito, lakini chini majani yalikuwa yamepukutika, yamebaki mabua makavu kama vidole. Kuanzia usawa wa goti kushuka, upande mmoja ulionekana kutoka mwingine.

Ketrina aligundua alasiri moja, ameinama kuchokoa udongo kwa kidole. Aliinua macho, akaona nyayo za mkwe wake. Akafumba macho mara moja. Lakini pua haifumbwi, na ile harufu alikuwa akiisikia siku nyingi, akidhani ni panya aliyekufia darini. Akafumbua.

Kitambaa kilikuwa kimefunguliwa, kimelala sakafuni. Mzee, akijua mwanawe yuko kazini na akiamini majani yanamsitiri, alikuwa akifukuza nzi kwenye mguu wake kwa tawi. Donda lilikuwa limeuzunguka muundi mzima. Vidole viwili vilikuwa vyeusi.

Ketrina alirudi jikoni kwa magoti. Alikaa chini, akahesabu makosa yake. Ameutazama mwili wa mkwe, na aibu hiyo ingefika hadi kwa baba yake mzazi. Lakini lililomchoma zaidi ni jingine. Mficha maradhi, kifo humuumbua. Na maficho yenyewe nani kayajenga? Yeye, kwa mikono yake, na kila jioni aliyamwagilia maji. Angeweza kungoja Lusubilo arudi amwambie. Lusubilo angemuuliza baba yake, baba angesema donda linakauka, na hapo mtoto angethubutu vipi kumfunua mzazi wake mguu kwa nguvu? Mzee angepanda lori kesho yake arudi Undali na aibu yake na mguu wake.

Akainuka. Alikwenda akasimama mbele ya pazia, mahali majani yalipokuwa mazito, na kwa mara ya kwanza tangu aolewe akasema mahali ambapo mkwe wake angemsikia.

"Fiwi," alisema, na sauti ilimtoka kavu. "Mimi sisemi na mtu, nasema na wewe. Mguu nimeuona."

Upande wa pili tawi liliacha kupiga. Ketrina akadhani mzee ameinuka aende zake.

"Fiwi," mzee akasema mwishowe, polepole, "tangu lini una macho?" Kisha sauti yake ikashuka. "Dresa anataka waukate. Nilimkimbia. Mwambie huyo anayekumwagilia kwamba mtu hazikwi nusu. Nitakwendaje kwa wazee wangu sina mguu?"

Ketrina alikuwa analia, lakini hakuacha kusema.

"Fiwi, mwambie baba kuna siku watu walikaa kikao juu ya mwanamke, kwa kuwa kiungo chake kimoja hakifanyi kazi. Wakataka atupwe. Mtu mmoja akawaambia mtu hapimwi kwa kiungo kimoja. Yule mwanamke alikuwa nyuma ya ukuta. Hajawahi kusema asante. Mwambie leo anasema asante, na anamrudishia maneno yake, ayatumie mwenyewe."

Lusubilo aliporudi jioni alimkuta baba yake amekaa barazani, mguu wazi, kitambaa pembeni. Mzee alimwambia atazame. Hakueleza kwa nini ameamua, wala Ketrina hakueleza.

Walimpeleka hospitali ya misheni, wakaukata mguu chini ya goti. Daktari alimwambia Lusubilo kwamba angechelewa kidogo tu, wangekata juu zaidi, au wasingekata chochote maana pasingekuwa na mgonjwa.

Alikaa huko miezi. Ketrina hakuweza kulitazama lile pengo la chini bila kuona haya. Mzee atakaporudi na kukuta pako wazi vilevile atajua kila siku kwamba alionwa, na mtu mwenye adabu kama yake hawezi kukaa na jambo hilo. Basi akapunguza kichwa cha fiwi, akapanda mbegu mpya kwenye madebe yaliyochoka, na mbele ya mabua akapanga shubiri na kunde fupi, mimea isiyojali jua, mpaka pale chini pakazibika panya asipite.

Mzee Andongwisye alirudi jua la mwezi wa tisa likiwa limeanza tena ukali wake. Ketrina alijifungia chumbani, akasikia magongo mawili badala ya fimbo moja. Siku ya kwanza mzee hakutoka. Siku ya pili alikaa barazani. Hakusema na fiwi wala na mtu. Lusubilo alisema ni uchovu wa safari. Ketrina alijua sivyo, na aliogopa. Alikuwa ameuokoa uhai wake na kumpotezea utulivu, na sasa mzee angetaka kurudi Undali.

Asubuhi ya tatu alitoka na maji kabla jua halijafika. Alikuta madebe mawili ya shubiri yamevutwa kando, yameegemezwa ukutani. Kwenye saruji palikuwa na michirizo ya kuyaburuza, mirefu, ya mtu aliyepumzika mara kwa mara. Katikati ya pazia, usawa wa goti, palikuwa na dirisha. Kupitia dirisha lile ulionekana mguu mmoja mzima na mmoja mfupi uliokunjiwa suruali, imetulia, haijifichi.

"Fiwi," sauti ikasema kutoka upande wa pili. "Mwambie binti yangu apaache hapo wazi. Upande huu kukiharibika kitu tena, nani mwingine ataona?"

Neno lile la binti hakuwa amelitumia kabla. Siku zote alikuwa akisema mke wa Lusubilo.

Ketrina aliweka ndoo chini. Alikwenda jikoni akachukua ungo wa fiwi kavu, akarudi, akaketi sakafuni. Akanyoosha miguu yake miwili mpaka nyayo zikatokea upande wa pili, zionekane. Kisha akausukuma ungo katikati ya madebe, nusu kwake nusu kwa mzee, wakaanza kupukuchua.